Chane ya Bukuru: Uchambuzi wa Mkeka Uliosukwa kwa Sauti

Kisa hiki kinatoka kwenye mchezo wa kusikiliza tunaoutunga hapa Kigoma, mchezo wa sauti tupu kama ile ya redio, ambao watu wanarushiana kwa simu. Hadithi yake iko katika nchi ya kubuni chini ya ziwa. Huko kuna ukumbi wa mfalme, na ukumbini umetandazwa mkeka ambao haukusukwa kwa ukindu wala kwa milala. Umesukwa kwa sauti: nyimbo, vilio, vicheko, makasia, mvua. Aliyeusuka hajulikani. Kila anayesimama mbele yake husikia lake. Mlinzi wa mlango husikia kelele za soko, mpishi husikia mvua, mfalme mwenyewe husema hasikii kitu. Siku binti Chiza anapoingizwa ukumbini anaambiwa achomoe chane moja, yaani ukanda mmoja wa msuko, wowote autakao, na akikosea mkeka wote utafumuka.

Hapo ndipo utunzi uliposimama. Achomoe ipi? Na chane ya sauti ikichomolewa, kinatokea nini? Swali la pili ndilo lililokuwa gumu, kwa sababu la kwanza haliwezi kujibiwa bila hilo. Nalieleza kwa urefu kwa kuwa nalipenda kisa hiki kuliko vyote tulivyotunga, na kwa kuwa jibu lake halikutoka hewani.

Kwanza niwaeleze wa mbali kuhusu jina la binti. Kwa Waha, kama ilivyo kwa jirani zetu Warundi, mapacha huitwa Bukuru na Butoyi, na mtoto anayezaliwa baada yao huitwa Chiza. Msikilizaji wa Kasulu au Kibondo akisikia tu jina hilo anajua kuna wawili waliomtangulia, na anaanza kuuliza wako wapi. Hatukuhitaji kumwambia. Sehemu ya kwanza ya mchezo ilimtaja Bukuru, mvuvi aliye hai juu ya ziwa, na ikamtaja Butoyi mara moja tu, pale mama yao anapoimba wimbo wa kubembeleza na kukatisha katikati.

Ziwa lenyewe hatukulitaja, lakini mtu wa hapa haulizi. Ziwa Tanganyika lina kina cha mita 1,470 pale lilipozama zaidi, na duniani linatanguliwa na Baikal peke yake. Ukishashuka mita mia mbili hivi maji hayana oksijeni, kwa hiyo hakuna dagaa huko, hakuna mgebuka, hakuna kuhe. Sehemu kubwa kabisa ya ziwa letu ni giza lisilo na samaki hata mmoja. Mtunzi akipewa mahali kama hapo ashukuru. Katika nchi isiyo na kiumbe anayepumua, kitu cha thamani ni sauti iliyodondoka kutoka kwa walio juu, na mfalme wa huko angeweka hazina yake katika sauti kama wafalme wengine walivyoweka katika pembe na dhahabu. Na kwamba kitu kilichozama kinaweza kubaki kizima, hilo Kigoma halihitaji ushahidi. Meli ya Liemba iliundwa Papenburg, Ujerumani, mwaka 1913, ikaletwa kwa reli vipande vipande, ikazamishwa na Wajerumani wenyewe mwaka 1916 injini zikiwa zimepakwa grisi nzito, ikaibuliwa mwaka 1924 na kurudi kazini mwaka 1927.

Tena huko chini si mbali kama inavyodhaniwa. Majini sauti husafiri kiasi cha mita 1,500 kwa sekunde, zaidi ya mara nne ya kasi yake hewani, ambayo ni kama mita 343. Kasia likigonga ubavu wa mtumbwi, mlio wake unafika kwenye kilindi cha mwisho kwa sekunde moja. Nilipofanya hesabu hiyo nilisisimka. Ufalme wetu na wavuvi walio juu wametengwa na muda wa kuvuta pumzi.

Sasa mkeka. Lilikuwepo pendekezo la kuufanya kitambaa, na mabishano yalikuwa makali kuliko nilivyotarajia. Kitambaa kina mtande na mshindio. Nyuzi za mtande hukazwa kwenye kitanda cha mfumi zikatulia, na mshindio ndio unaopita huku na huku. Sauti haina kitu kilichotulia. Ikitulia imekufa. Tulikwenda Ujiji kwa bibi mmoja anayesuka mikeka, tukakaa naye barazani akiwa na pindi la ukili mapajani, ule msuko mrefu unaoshonwa kuwa mkeka. Alikuwa amekwisha kuchana ukindu na kuutia rangi, na mikono yake haikusimama hata alipokuwa akizungumza. Chane zilikwenda mshazari, zikapita juu ya nyingine na chini ya nyingine, na kila moja ilipofika ukingoni aliikunja ikarudi kuzikatiza zile ilizokuwa ikienda nazo.

“Bibi, ipi kati ya hizi inakaa?” kijana wetu aliyekuwa akirekodi alimuuliza.

“Hapa hakuna inayokaa, mjukuu wangu. Zote zinakwenda. Ikifika pembeni inageuka, inarudi. Usipoigeuza, ukili unafumuka.”

Angalia pia hiyo mikunjo yenyewe. Chane ikikunjwa ukingoni hurudi ikiwa imebadili uso: upande uliokuwa ukitazama juu sasa unatazama chini. Tulilirekodi jambo hilo bila kujua litatufaa wapi. Usiku huo tulikubaliana kwamba kitu cha mfalme ni mkeka, na kwamba una kanuni moja isiyovunjwa: kila sauti iliyomo inakwenda, inafika ukingoni, inageuka, inarudi. Hiyo ni tabia ya ukili, na ni tabia ya mwangwi vilevile.

Mapendekezo kuhusu chane inayochomolewa yalikuwa matatu. Wengine walitaka ikichomolewa sauti moja ipotee, basi. Ni kweli ndivyo kingefanya kitambaa cha kawaida, lakini halina tukio. Msikilizaji hawezi kusikia upungufu wa sauti moja kati ya mia. Wengine walitaka kishindo, kila kitu kiporomoke. Hilo tumelisikia katika hadithi nyingi mno. Kundi la tatu lilitaka mkeka useme: ukichomoa chane, ujumbe utoke kwa maneno, aliyeusuka ajitaje. Hili nililipinga kwa nguvu. Kazi ya sanaa ikianza kutoa maelezo inageuka barua, na barua ukishaisoma umemaliza.

Njia ya kutoka ilipatikana tulipouacha utunzi kwa muda na kujadili sauti yenyewe inavyokwenda. Sauti ni kubanwa na kuachiwa: maji au hewa hubanwa, huachiwa, hubanwa tena. Zikikutana sauti mbili zilizo sawa kabisa, na moja ikawa inabana pale nyenzake inapoachia, mahali pale panakuwa kimya. Hakuna iliyokufa. Zote mbili zinaendelea na safari, na hatua chache mbele utazisikia. Ila pale zinapokutania, hakuna kitu.

Kwa hiyo kimya ndani ya mkeka si lazima kiwe tundu. Kinaweza kuwa mahali chane mbili zinapopitana zikafunikana. Na ukiondoa moja kati ya hizo mbili, nyingine inasikika kwa mara ya kwanza.

Nakumbuka jinsi chumba kilivyochangamka. Kila kitu tulichokuwa tumekwisha kuandika kilianza kujieleza. Kwa nini kila mtu husikia lake? Kwa sababu kila mtu amesimama mahali pake. Sauti ya mwanamke yenye mitetemo 200 kwa sekunde ina wimbi la urefu wa mita 1.7 hewani, lakini majini wimbi hilo hilo ni mita saba na nusu. Katika ukumbi uliojaa maji, hatua mbili tatu zinatosha kukutoa kwenye kimya na kukuingiza kwenye wimbo. Kwa nini Chiza hawezi kujua sauti inatoka wapi? Kwa sababu majini sauti hufika masikio yote mawili karibu kwa wakati mmoja, na mzamiaji huisikia kana kwamba imemzunguka. Na kwa nini mfalme hasikii kitu? Kwa sababu kiti chake kimewekwa pale pale zinapofunikana.

Likabaki swali la nani amefunika nani, na hapa fizikia ya ziwa ilitupa zaidi ya tulichoomba. Sauti inayopanda kutoka kilindini ikigonga uso wa maji haitoki. Sehemu ndogo sana hupenya hewani. Karibu yote hurudishwa chini. Na hurudi imegeuzwa: palipokuwa na kubanwa pana kuachiwa. Uso wa ziwa unaifanyia sauti kile kile alichokuwa akikifanya bibi wa Ujiji kwa chane, anaikunja inarudi ikiwa imebadili uso. Tulikuwa na ukingo wa mkeka wetu muda wote na hatukuwa tumeuona: ni ziwa lenyewe, likitazamwa kutoka chini.

Basi hadithi ikajipanga. Butoyi alizama akiwa mdogo. Huko chini hakuacha kuimba ule wimbo wa mama yao. Bukuru, aliyebaki mtumbwini, hakuweza kuvumilia kumsikia, akauomba uso wa ziwa utulie, ulale kama kioo. Ziwa likamsikiliza. Tangu siku hiyo wimbo wa Butoyi hupanda, hugonga juu, hurudi umegeuka, hujikuta na kujifunika. Hakuna aliyemnyamazisha mtoto yule. Ananyamazishwa na utulivu ambao kaka yake aliuomba. Ndiyo maana katika vitabu vya kikundi chane hiyo inaitwa chane ya Bukuru, ingawa haina sauti yoyote.

Na ndiyo maana Chiza anachagua kimya. Watu wote ukumbini wanamsogeza kwenye sauti nzuri, mpishi anamwonyesha mvua, mlinzi anamwonyesha soko. Yeye anatembea hadi mbele ya kiti cha mfalme.

“Mwanangu, hapo hakuna kitu,” mfalme anamwambia.

“Hicho kisicho kitu ndicho ninachokitaka, baba.”

Kuchomoa utulivu wa ziwa si kazi ya vidole, ni kazi ya mawimbi, na mawimbi yana masharti. Viwimbi vya jioni havitoshi. Kwa sauti yenye wimbi la mita saba na nusu, uso wa maji lazima upande na kushuka kwa kama mita moja ndipo unaporudisha sauti ovyo ovyo na kufunikana kuvunjike. Maana yake ni dhoruba ya kweli, na dhoruba Ziwa Tanganyika haichezewi. Chiza akivuta chane ile usiku wa kawaida anamfufua kaka yake mmoja sikioni na kuwazamisha akina baba wa watu. Hapa mmoja wetu aliyekulia Kibirizi ndiye aliyetoa jibu. Dagaa huvuliwa usiku wa giza, kwa taa zinazowavuta. Mwezi ukiwa mpevu taa hazina nguvu na mitumbwi hupumzika ufukweni. Chiza anasubiri mbalamwezi. Sidhani kuna sehemu ya mchezo huu ninayoiheshimu kuliko kusubiri kule. Anasimama mbele ya kimya cha ndugu yake, mkono umekwisha kukigusa, na anahesabu usiku kwa ajili ya watu asiowajua.

Kuhusu wimbo wenyewe, tuliamua usiwe na maneno. Butoyi anavumisha tu. Ili msikilizaji autambue tulihitaji wimbo mrefu kidogo, na mfano mzuri tuliupata kwa Walokele wa upande wa Kisangani, Kongo, ambao ngoma zao za mti hutoa toni mbili, ya juu na ya chini. Ngoma haitamki irabu wala konsonanti, kwa hiyo maneno mengi mafupi hulingana; mpigaji huepuka utata kwa kutumia fungu refu la maneno badala ya neno moja. Mvumo mfupi hufanana na mingine kumi. Ukiwa mrefu hufanana na wenyewe tu. Tukaurefusha wimbo wa mama katika sehemu ya kwanza, na tukamfanya aukatishe mahali ambapo sikio linabaki na kiu ya noti inayofuata. Noti hiyo inakuja sehemu ya saba, kinywani mwa Butoyi.

Kurekodi ndiko kulikoufanya mkeka uwepo kweli, na siandiki hivyo kwa kutia chumvi. Mwimbaji wetu aliimba chumbani tulikotundika mablanketi ukutani, mvua ikiwa imepumzika, maana bati likianza kupigwa hakuna kazi. Kwenye kompyuta tukaufungua wimbo katika programu ya Audacity, tukanakili, kisha tukaigeuza nakala ili pale wimbi linapopanda lishuke. Zikichezwa pamoja kwa nguvu sawa, hakuna kinachosikika. Mstari wa wimbi unanyooka kabisa. Inafaa kusema kwamba lazima iwe nakala ya sauti ile ile; waimbaji wawili, hata wawe mapacha, hawawezi kufutana, kwa sababu koo mbili hazitetemeki sawasawa. Hilo lilituthibitishia kwamba hadithi ilikuwa kwenye njia sahihi: anayemfunika Butoyi si sauti ya Bukuru, ni sauti ya Butoyi mwenyewe iliyorudishwa.

Kisha tukafanya jambo ambalo lilikuwa wazo la msichana mdogo kuliko wote kikundini. Badala ya kuziweka nakala hizo mbili pamoja, aliweka moja upande wa kushoto na iliyogeuzwa upande wa kulia, chini ya kelele za ukumbi, kuanzia sehemu ya pili hadi ya sita. Ukisikiliza kwa simu au spika yenye kinywa kimoja, pande mbili zinachanganywa na Butoyi anatoweka. Ukivaa visikizi vya masikioni, kila sikio linapata upande wake, haviwahi kukutana, na Butoyi yupo. Tena yupo kwa namna ya ajabu: sauti iliyogawanywa hivyo haina mahali, haiko kushoto wala kulia wala mbele. Inaelea.

Hatukumwambia mtu. Watu wakaanza kubishana wao wenyewe. Ndugu wawili katika nyumba moja, mmoja akisikiliza kwa spika jikoni na mwingine kwa visikizi kitandani, wakaapizana kama kuna mtoto anaimba au hakuna. Wote walikuwa sahihi, kila mmoja kwa mahali aliposimama. Mtu mmoja alimrekodia rafiki yake kipande hicho kwa kuiweka simu mbele ya spika, na akakuta mtoto hayumo kwenye rekodi. Alituandikia kwa hasira akitaka kujua tumemfanya nini. Nililisoma andiko lake mara nyingi kwa furaha. Mkeka ulikuwa umetoka kwenye hadithi ukatandikwa nyumbani kwa watu.

Katika sehemu ya saba, Chiza anapochomoa na mawimbi yanapoinuka, nakala iliyogeuzwa inaondolewa. Kuanzia sekunde hiyo Butoyi anasikika kila mahali, kwenye simu ya tochi, kwenye spika ya bodaboda. Hatukuweka muziki. Hatukuweka msimulizi.

Redio ilitupa kazi ya peke yake. Vipokezi vingi vidogo vinachanganya pande mbili, kwa hiyo kwa msikilizaji wa redio Butoyi hayupo kabisa hadi sehemu ya saba. Lilikuwepo wazo la kutengeneza toleo la redio ambalo anasikika kwa mbali tangu mwanzo, ili wasikose. Nilikataa na nitaendelea kukataa. Msikilizaji wa redio amekaa kwenye kiti cha mfalme. Anastahili kimya chake kizima, kwa sababu ndiye atakayeshtuka kuliko wote.

Sasa tuko kwenye sehemu ya nane na kikundi kimegawanyika tena. Wapo wanaotaka Chiza aikunje chane irudi, dhoruba ikome, mitumbwi itoke. Wapo wanaotaka aiache. Mimi naona hakuna kati ya hayo awezalo kuliamua peke yake, kwa kuwa utulivu ule haukuwa wake, na aliyeuomba yuko hai. Kwa hiyo rasimu yangu haina ukumbi. Ina kaka na dada ufukweni, mchana, ziwa limechafuka, na Chiza ndiye anayeanza: “Kaka, umemsikia?” Wenzangu wangependa Bukuru alie na kusema ndiyo. Sheria yetu inamkatalia. Karibu kabisa na uso wa maji ndipo wimbo na mrejesho wake hufunikana kwa ukamilifu zaidi, na sauti ikishafika hapo karibu yote hurudi chini. Mtu aliye juu ya ziwa ndiye wa mwisho kusikia kilichomo. Jibu lake la kweli ni hapana, na Chiza itabidi amwimbie yeye mwenyewe, wimbo wote, pamoja na ile noti aliyoikatisha mama.